Mfaransa Nyumbani kwa Bi Zuwena

Ibra, Omani

Kwa kaka yangu mpenzi Suleimani,

Shikamoo kaka, na assalaamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Hujambo wewe, na hilo goti linalokuuma ukisujudu? Ile dawa ya kuchua niliyokupelekea ilifika? Na Mama je, anakula vizuri? Mimi mwili mzima, alhamdulillahi, lakini moyo unachemka. Nimeona nikuandikie kwa kalamu, maana simu nikikupigia inasikilizwa na nyumba nzima, na haya ni yangu mimi na wewe.

Nianze na wewe mwenyewe. Ile video ya simu ya mume wangu, Khalfani kapiga kilemba anamchomolea Mmarekani jambia, nimeona ulichoandika chini yake: "Mashaallah, shemeji simba!" Kaka, hukuniuliza. Ungeniuliza ungejua kuwa siku ile kwangu hakukuinjikwa chungu. Basi sikiliza, kisha useme kama ni simba.

Walikuja Wamarekani kupiga sinema katika majumba ya zamani ya hapa kwetu. Walitaka nyumba yenye majlisi ya kale ya kupokelea wageni, ambayo bado ina watu, na iliyobaki ni ya Bi Zuwena, jirani yangu. Unamkumbuka jina, ndiye aliyenipokea nilipoletwa hapa bibi harusi, simjui mtu, nalia kila alasiri. Mumewe alishafariki, Mungu amrehemu. Walimwendea mara mbili akawakatalia. Wakanituma mimi, kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa nikiwashonea kanzu za huo mchezo wao.

Nikamwambia, "Bibi, wafungulie. Halitafanywa jambo la aibu chini ya dari yako."

Akanitazama sana. "Kwa neno lako, Salma?"

"Kwa neno langu."

Akafungua.

Sasa, mtu waliyemleta awe mzee wa nyumba, mzee wa Kiomani, unajua alikuwa nani? Mfaransa! Ibra imejaa ndevu nyeupe, wao wakaenda kuagiza nyingine kwa ndege. Nilikasirika siku ile ya kwanza, nakwambia kweli. Lakini mtu mwenyewe, jina lake Remi, rika la marehemu baba, alikuwa na adabu zake. Alijua siwezi kumgusa, basi kilemba nikakifunga juu ya mtungi, yeye akatazama, akafungua, akajifunga mwenyewe, mpaka akajua. Mfasiri wetu alikuwa Rahma, msichana anayesoma Nizwa, mjukuu wa watu wa Pemba. Kiswahili chake kimevunjika vunjika lakini kitamu.

Nilipokuwa napinda kanzu uani, yule mzee alikuwa akinihadithia maisha yake. Alikwenda Amerika kijana, akaosha vyombo hotelini. Siku moja wapiga sinema wakataka mtu abebe sahani sita kwa mkono mmoja. Waigizaji wao wote wakaziangusha, yeye akapita nazo. Ndiyo ilikuwa kazi yake ya kwanza. Tangu hapo miaka arubaini na zaidi, sinema na televisheni: mhudumu, padri, mwizi wa vito, daktari, jasusi wa Kirusi, Mgiriki, na Mwarabu mara zisizohesabika. Mara nyingi hufa kabla ya mchezo kufika kati.

Nikamuuliza, "Na Mfaransa je?"

Rahma akafasiri, mzee akacheka hata kilemba kikalegea. "Anasema Mfaransa aliomba mara nyingi. Wakamwambia hafanani."

Kaka, nilicheka, kisha nikaona uchungu. Anasema huko Amerika watu humsimamisha sokoni: "Wewe nakujua! Si wewe ulining'oa jino?" Uso wake umeingia kila nyumba, jina lake halikuingia hata moja.

Jambo moja tu hakulicheka. Ujanani alikubali kucheza mtu anayewauza jirani zake kwa maadui wakati wa vita. Sinema ikafika kijijini kwao, watu wakaitazama. Tangu siku ile mama yake akaacha kununua mkate pale jirani. Akawa anakwenda kwa miguu hadi kijiji cha pili, mpaka alipokufa.

Kwa hiyo kila kitu alikiuliza. Dele la kahawa mkono gani? Kushoto, finjani kulia. Mgeni akitosheka? Hulitikisa finjani. "Na akishakunywa?"

Nikamwambia, "Akishakunywa kahawa yako, yu katika amana yako. Hata akiwa ndiye aliyemuua nduguyo, humgusi mpaka atoke salama."

Akalirudia neno hilo kama mtoto wa chuoni. Kutwa anamimina maji kutoka kwenye dele, hata Bi Zuwena akasema kutoka dirishani kwake, "Huyu ana adabu kuliko mkwe wangu!"

Ikafika siku ya kupiga picha. Mzee akammiminia mgeni wake, huyo Mmarekani shujaa wao, akanywa, akatikisa finjani. Vizuri kabisa, moyo wangu ukatulia. Yule mkubwa wao anayesema anza na simama akatikisa kichwa. Baridi, anasema, haina moto. Akaugeuza mchezo papo hapo: mgeni akishakunywa, mzee aondoe jambia ukutani amrukie, naye mgeni ampige risasi.

Remi akaliweka dele chini. Rahma akawa ananinong'oneza.

"Anasema hataki."

"Mkubwa anasema nini?"

"Anauliza kwa nini. Mzee anasema: kashakunywa."

Yule mkubwa akacheka. Akamwambia huko Amerika hakuna atakayejua. Remi akanyoosha kidole dirishani, alipokuwa Bi Zuwena. "Yule atajua."

Akavua kilemba. Akaenda kubadilisha nguo, akarudi na kanzu ameikunja vizuri, akampa Rahma anikabidhi, akasema "shukran" na kuondoka kwa miguu yake kwenye jua lile. Mtu aliyeishi miaka arubaini kwa kukubali kila anachopewa. Nimemwombea Mungu amwongoze, na sitaacha.

Sasa ndipo hasira yangu ilipo. Yule mkubwa akauliza nani ataivaa ile kanzu. Wazee wetu waliokuwa wamekaa nje wakatazama chini. Khalfani alikuwa amekuja kunichukua kwa gari. Akasema, "Mimi."

Khalfani, kaka! Mtoto wa mtaa huu huu, aliyekunywa kahawa katika majlisi ile tangu hajaota ndevu! Mgeni wa Kifaransa sina la kumlaumu angekosea, hakuzaliwa nalo. Huyu amezaliwa nalo. Akaivaa kanzu niliyoishona mimi, akaondoa ukutani jambia la marehemu mume wa Bi Zuwena, akamrukia mtu aliyekuwa na finjani mkononi. Mara tano, maana mara nne za kwanza hazikumpendeza mkubwa. Mara ya tano dirisha la Bi Zuwena likafungwa.

Nyumbani nikamwambia, "Khalfani, umefanya nini?"

"Mchezo tu, Salma! Nani amekufa? Au siku hizi umekuwa kadhi?"

"Mfaransa alikataa."

"Mfaransa ameshashiba sinema. Na mimi nionekane Amerika!"

Jumatano yake sokoni kwa wanawake, Bi Zuwena akanipa mgongo mbele ya watu. Miaka kumi na minane sijawahi kupewa mgongo mji huu. Nikamfuata mpaka kwake, nikabisha hodi. Akanikaribisha, tukakaa, dele lipo baina yetu, la moto, nasikia harufu ya iliki, hamimini. Akasema, "Mwanangu, wewe ulitoa neno na najua hukulivunja. Lakini kahawa haitamiminwa hapa mpaka aje aliyechomoa."

Nimemsihi Khalfani, hasikii. Anaionyesha ile video dukani kwa kila anayekuja kununua spea. Kanzu naifua, ile damu yao ya uongo haitoki kifuani. Nimeitundika mlangoni mwa chumba ili kila akitoka aione.

Kaka, wewe ndiye uliyeshika mkono wake ukamwozesha mimi. Mimi maneno yangu kwake yamekuwa kelele, neno lako hulisikiliza. Mwandikie. Usimwite simba. Mwambie aende kwa Bi Zuwena bila ya simu mkononi, akae chini, aombe radhi, alirudishe lile jambia ukutani kwa mkono wake mwenyewe, maana hata hilo lilibaki garini mwetu na Bi Zuwena hajaliulizia. Na ile video usimpelekee mtu mwingine.

Nisalimie Mama, mwambie nguo yake ya Idi iko tayari. Nisalimie wifi yangu mkeo, na mwanao mkubwa anayesoma ualimu, na mama mdogo wa Ng'ambo anayenidai barua. Mungu awahifadhi nyote.

Nijibu upesi, kaka.

Nduguyo,
Salma