Sauti ya Mama Zuba

Nurto, Beldina amepigwa. Huyu Beldina wetu wa Donholm. Mbele ya watoto, Nurto.

Si unajua ameigiza Mama Zuba kwa TV miaka tisa, yule mama wa kambo wa kuchoma watoto vidole. Akachoka kutukanwa sokoni, akaacha, akaandika kitabu cha watoto. Leo alikuwa anawasomea kwa ukumbi wa kanisa. Ukurasa wa kwanza tu, hadithi ya kuku.

Mama mmoja akasimama. "Mama Zuba hawezi somea mtoto wangu."

Akamzaba kofi, kitabu kikaruka. Akavua kiatu, akampiga nacho mdomoni. Damu, Nurto. Damu kwa picha za kuku.

Beldina alitaka tu kusema, "Mimi naitwa Beldina." Lakini alipofungua mdomo ikatoka ile sauti. Ile ile ya TV.

"Lete hivyo vidole."

Lete hivyo vidole, Nurto. Watoto wakatoka mbio wakilia.

Yule mama akavaa kiatu chake polepole, akatuangalia sisi wazazi. "Si mmesikia wenyewe?"

Sasa Beldina yuko hapa kwangu, ameshikilia barafu mdomoni. Ananiuliza ni nani alisema hayo maneno ya vidole.