Mtu Mzima Hafupiki

Dada yangu mpenzi,

Naanza na lile ambalo sijamwambia mtu yeyote, si mama, si rafiki yangu wa dawati moja, hata mto wangu haujalisikia: napanda kuta. Haya, limetoka. Sasa nirudi kwenye adabu. Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima, na miguu yako imeshazoea kusimama wodini kutwa. Sisi huku hatujambo. Mama mgongo unamsumbua kidogo kwa ajili ya sare za shule anazoshona, ila sauti yake ni ileile, inafika nyumba ya tatu. Nimekuandikia kwenye karatasi makusudi. Ningekutumia ujumbe wa simu ungenikatiza kabla sijafika katikati, na mimi unanijua, nikikatizwa mara moja nanyamaza mwezi mzima.

Unaukumbuka ule ukumbi wa kupanda kuta karibu na shule, ambako wenzako wa chuo walikuburuta mwaka juzi? Ulifika usawa wa juu ya mlango, ukamwita mama, na mama hayupo. Uliporudi ukatusimulia tukacheka mpaka machozi, na mama akatoa hukumu huku anakata uzi kwa meno: anayepanda ukuta ni mjusi au mwizi, na yeye hakuzaa hata mmoja kati ya hao. Mimi tangu siku ile nikawa natamani kwenda. Labda ni kwa sababu ukutani hakuna anayekulazimisha kuongea.

Shule yetu ina makubaliano na ukumbi, wanafunzi tunaingia bure Jumatatu na Jumatano baada ya vipindi. Mama anajua siku hizo nina masomo ya ziada ya hesabu. Hilo nalo ni ungamo namba mbili, liandike.

Ukumbi wenyewe ulikuwa ghala, na bado unanuka kama ghala lililojaa soksi. Ukuta mkubwa unaendeshwa na programu ya simu. Unaifungua, inawasha taa chini ya vishikio unavyoruhusiwa kushika, unapanda kwa hivyo tu. Cha juu kabisa kina kihisi, ukikigusa programu inaandika alama yenyewe, kwa hiyo hakuna ujanja. Mwalimu wa pale tunamwita Kamba, kwa wembamba wake na kwa kazi yake. Anaiamini programu kuliko macho yake mawili. Kila mwisho wa mwezi anabandika orodha ya alama mlangoni, na wanane wa juu wa safari hii ndio watakaotuwakilisha kwenye mashindano ya kumbi.

Nilipojaribu kujisajili programu ikanikataa, bado sijafika miaka kumi na sita. Nilimwendea Kamba, masikio yakiniwaka moto, nikamweleza kwa sauti ya mbu. Alijibu bila kuinua kichwa kwamba basi nisubiri nikue, mifupa ya vidole vya mtoto si ya kuchezea. La mifupa ni kweli, nimelisoma kwa lugha zetu zote mbili za shule: hatari ni kuning'inia kwa ncha za vidole kwenye vishikio vyembamba. Basi vyembamba sivigusi, na alama zake nimeziacha sifuri mpaka leo. Lakini ukuta mzima si mwembamba. Wahenga walisema mtaka cha mvunguni sharti ainame. Mtaka cha darini hawakumwambia asubiri kitambulisho.

Nikatafuta njia, nikaipata. Njia yenyewe nitakueleza, vuta subira.

Kuipata ni jambo moja, kuitumia ni vita. Simu niliyonayo ni kuukuu, kioo kinazimika katikati ya zoezi na saa inasimama. Kidole chenye chaki ya kukausha jasho hakisomeki hata ukibonyeza vipi. Nikagundua kwamba pua inasomeka. Kwa hiyo kabla ya kupanda nainama naigusa simu kwa pua, na wenzangu, ambao wameniita Bubu tangu wiki ya kwanza, wakawa wanasema tazameni, Bubu anaibusu simu yake. Waache waseme. Kamba naye hakuuliza tena, kwake taa zikiwaka basi umeruhusiwa. Nikabadilisha lugha niweke Kiswahili, nikakuta aliyetafsiri alikuwa njiani kwenda msibani: kila nikimaliza zoezi inaniambia "Pumzika kwa amani."

Tatizo kubwa lilikuwa vipimo. Programu inachagua njia kwa urefu wa mtu, na ilishikilia kwamba mimi ni mrefu kuliko nilivyo kwa kichwa kizima. Iliniwashia vishikio vya watu wa mikono mirefu. Nanyoosha mkono mpaka bega linalia, na kati ya kidole changu na kishikio panabaki nafasi ya kupitisha sahani. Nikaingia kwenye vipimo nipunguze urefu. Ikanijibu kwa herufi nyekundu kwamba mtu mzima hafupiki, nikapimwe upya. Nilikaa kwenye godoro la kuangukia nikataka kulia, halafu nikapandwa na hasira. Nikasema sawa, kama hunifupishi, nitapanda hivyohivyo. Pale mkono uliposhindwa nikapeleka kisigino. Nakiinua mpaka usawa wa sikio, nakikwamisha, najivuta kwa mguu. Kisigino kikishindwa, naruka. Miezi minane nimeruka, dada. Yale magodoro yanaujua mgongo wangu kuliko kitanda.

Mwezi wa tano jina moja geni likatokea kwenye orodha, la kumi na tisa. Mwezi wa sita la kumi na moja. Juma lililopita, la tatu. Ukumbi mzima ukawa unauliza ni mwanamke gani huyo ambaye hakuna aliyemwona. Kuna kijana mmoja anaitwa Kiwiko, mdomo haufungi, yeye akadai anamfahamu fika. Akasema wanapanda pamoja alfajiri, dada mrefu, mpole, tena ndiye aliyeomba namba yake ya simu. Mimi nilikuwa hatua mbili pembeni, navua viatu. Nilicheka ndani kwa ndani mpaka mbavu zikauma.

Kaa chini sasa, kama umesimama.

Jina lile ni lako. Lote, pamoja na la babu. Simu yako ya zamani uliyoiacha kwenye droo ilikuwa na programu, na siku ile uliyomwita mama ulikuwa umeshajisajili: umri wako, urefu wako, mikono yako mirefu. Miezi minane nimekuwa wewe. Ikiwa umepata ujumbe wa kupongezwa, usidhani ni matapeli. Wewe, unayeogopa hata ngazi ya kubadilishia taa, ni mpandaji wa tatu wa ukumbi ule.

Ningeweza kunyamaza. Lakini jana Jumatano Kamba alitukusanya agawe fomu kwa wale wanane. Akaita la kwanza, la pili, akaita lako. Hakujitokeza mtu. Kiwiko akasema apewe yeye, atamfikishia dada wa watu. Hapo ndipo mkono wangu ulipopanda, kama darasani. Kamba akasema kama nina ujumbe wa huyo dada niseme. Nikasema mimi ndiye. Mtu mmoja nyuma akamuuliza Kiwiko kama huyu ndiye aliyeomba namba, na watu wakaangua kicheko, ila safari hii hawakunicheka mimi.

Kamba hakucheka. Aliichukua simu, akatazama vipimo, akanitazama kuanzia unyayo, haikumchukua muda. Akasema alama hizo ni za mtu asiyekuwepo, akalikata jina lako kwa kalamu. Dada, sijui sauti ilitoka wapi. Nilimwambia kwamba aliyeandikwa hayupo lakini aliyepanda yupo, na kama anabisha awashe njia ngumu kuliko zote, kwa vipimo hivyohivyo, mbele ya watu wote. Akawasha. Mara ya kwanza nilianguka nikiwa nusu, chali, na wenye kuguna wakaguna. Nikainuka bila kupangusa chaki, nikaigusa simu kwa pua, nikapanda tena. Kisigino juu, mkono, kisigino, kuruka. Kile cha juu nilikipiga kofi, si kukigusa tu.

Nilipoteremka Kamba alikuwa bado anakitazama kishikio cha juu. Halafu akachukua fomu akaandika jina langu kwa mkono, akasema programu haina nafasi yangu ila karatasi inayo. Nafasi ya tatu ameiacha wazi mpaka Jumamosi saa kumi. Anataka saini ya mzazi au mlezi, na aliyesaini ampigie simu mwenyewe. Bila hiyo anampandisha wa tisa.

Najua unachofikiri. Najua ungenisainia leo hii na ungempigia kwa sauti yako ya uuguzi akakubali. Ndiyo maana sikuombi. Nimejificha nyuma ya jina lako miezi minane, sitajificha nyuma ya saini yako. Nisamehe kwa kukutumia bila kukuuliza, hilo nilikosa na naungama. Kwa ukuta siombi msamaha. Si kwako, si kwa mama. Akisema hakuzaa mjusi nitamwambia basi atazame vizuri. Akikataa nitamuuliza tena kesho, na keshokutwa asubuhi.

Wasalimie wenzako wa bweni, hasa yule anayekufichia chakula ukichelewa zamu. Ule vizuri, usilale na viatu. Mama anakusalimu, ingawa hajui kama nakuandikia.

Sasa hivi cherehani imenyamaza. Namsikia anavuta kandambili sebuleni, anakuja huku, amebakiza hatua chache. Mkono wangu umeshashika daftari la hesabu kuifunika barua, kama nilivyozoea. Nimeurudisha. Barua iko wazi mezani, fomu iko pembeni yake, na mlango sikuufunga. Nakomea hapa, dada, kwa sababu kalamu ni hii moja na ataihitaji yeye.

Ni mimi mdogo wako,
nikupendaye.