Sura ya Tisa na Kinamasi cha Gosby

London,
12 Septemba 1887

Kwako dada yangu Keziah,

Nakusalimu wewe, mwanao Tabitha na majirani wote wa Gosby wanaoniulizia. Natumaini barua hii itakukuta mzima na mguu wako umepona. Mimi mwili ni mzima, ila chakula nakula kwa kujilazimisha. Mvua ya huku hainyeshi ikaisha, na moshi umetukalia vifuani.

Barua yako niliipata Jumanne. Imeniuma kusikia kwamba kifua cha shemeji Enoki kinazidi kubana humo gerezani, na kwamba walikupa dakika kumi tu za kumwona. Umeniandikia pia maneno ya Mama Hephzibah mlangoni mwa kanisa, eti, "Mdogo wako si anakaa na sheria zote za nchi huko London? Kashindwa hata kututumia moja?" Ukasema ulicheka ili usilie. Mimi sikuweza kucheka, na kabla barua hii haijaisha utajua kwa nini.

Baba, Mungu amrehemu, alikufa akidhani natunga sheria. Situngi. Naorodhesha zilizotungwa tangu enzi za wafalme waliovaa chuma. Kila sheria ina kikaratasi chake: mwaka wa mfalme, namba ya sura, yaani nafasi yake kati ya sheria za mwaka huo, inahusu nini, na pembeni neno moja tu, hai au imekufa. Maana Bunge la kale lilikuwa likitunga na kusahau, na sheria ya miaka mia nne, kama hakuna aliyeifuta, bado ina meno. Mwenzangu Crowle hunitania kila asubuhi, "Haya, mchimba makaburi, leo tunazika wangapi?" Nami humjibu, "Ngoja kwanza nione nani bado anapumua." Tulikuwa tukicheka sana.

Sasa nije kwenye kinamasi. Ya mwezi wa nne unayajua kuliko mimi: tajiri Ashcombe alivyokizungushia uzio, na Enoki alivyoung'oa mchana kweupe, akasimama kortini na kusema kwamba mfalme Henri aliwapa watu wa Gosby haki ya kuchunga bata bukini mle na kukata matete, wao na vizazi vyao. Watu walimcheka. Lakini hakimu alikuwa mtu makini, akaandika ofisini kwetu kuuliza kama sheria hiyo, sura ya tisa ya mwaka mmoja wa mfalme huyo, bado ipo. Crowle akafungua orodha, akakuta "imekufa", akamjibu hivyo hivyo. Enoki akafungwa miezi sita.

Uliponiuliza wakati ule nani aliyeiua sheria yenu, nilikujibu kwamba ilifutwa zamani na Bunge la mfalme George. Nilikujibu nikiamini, dada. Hapo sikuwa nimekudanganya.

Mwezi wa saba nilikuwa nahakiki karatasi zilizorudi kutoka kwa mpiga chapa. Sheria za mwaka ule wa mfalme Henri zimo katika vitabu vya aina mbili, vya kale na vipya, na hesabu zake hazilingani. Waliochapa vipya walikuta sheria moja iliyosahaulika, wakaichomeka katikati, na namba zote zilizofuata zikasogea. Bunge la mfalme George lilipofuta "sura ya tisa", lilihesabu kwa vitabu vya kale, na sura ya tisa ya humo ni ya watengeneza kofia. Sheria yenu humo ni ya nane. Katika vitabu vipya, ambavyo sisi tunavifuata, ndiyo ya tisa. Aliyeandika "imekufa" kwenye kikaratasi hakulinganisha vitabu viwili. Nilikitafuta kikaratasi chenyewe. Mwandiko ni wangu.

Na laiti ingekuwa hilo tu. Orodha ile ilikuwa inakwenda Bungeni, ili zote tulizoziandika zimekufa zifutwe kwa mpigo mmoja, vitabu vipate kupungua. Zilikuwa zimebaki siku tisa. Nilikwenda hadi mlangoni kwa Bwana Pargeter, mkuu wetu, kikaratasi mkononi. Nikakumbuka Lubbock, aliyefukuzwa mwaka jana kwa kosa dogo kuliko hilo, asipewe hata barua ya sifa njema. Nikarudi kitini. Nikasema kesho, na kesho yake nikasema kesho. Mwezi wa nane Bunge likaipitisha orodha kabla ya chakula cha mchana, mamia ya sheria, na hakuna aliyeuliza hata moja.

Kwa hiyo sasa imekufa kweli. Siku Enoki aliyong'oa uzio, sheria ilikuwa hai. Niliiandika imekufa kwa kukosea, kisha nikanyamaza kwa woga mpaka ikafa, huku mumeo akikohoa gerezani. Naona haya hata kuandika jina lake.

Jana niligonga mlango. Bwana Pargeter hakufoka. Alikisoma kikaratasi mara mbili, akasema, "Ungegonga mwezi wa saba, Jabez, tungekata mstari mmoja tu." Jumamosi natoka ofisini, kazi sina tena.

Humu ndani kuna maelezo niliyoyatia sahihi, na muhuri wa ofisi uko chini yake. Mpelekee hakimu leo hii hii, usingoje. Enoki alitenda ndani ya haki yake, na nategemea watamfungua. Lakini kinamasi hakirudi. Kuanzia sasa uzio wa Ashcombe ni halali, na atakayeugusa tena hana wa kumtetea. Wauze bata bukini wote kabla ya sikukuu ya Mikaeli mwisho wa mwezi huu, hata wale wa Tabitha.

Jambo moja nakuomba. Enoki atatoka akiwa ameambiwa kwamba alikuwa na haki, na njia ya nyumbani inapita kinamasini. Kampokee gerezani wewe mwenyewe, umweleze yote kabla hajaufikia uzio.

Mbusu Tabitha. Msalimie Mama Hephzibah, na akiuliza tena, mjibu ukweli. Sitakuja Gosby mpaka uniite, na usiponiita sitakulaumu.

Ni mimi mdogo wako,
Jabez Thorold