Beseni la Kaka Gervas

Jumanne. Mawingu yametanda Ukonga tangu asubuhi, joto linanata, na mvua yenyewe hainyeshi. Sijaenda kazini. Nimewaambia kichwa kinauma, na si uongo sana.

Naandika hapa jambo ambalo sijamwambia mtu.

Wiki mbili zilizopita nilimzika kaka yangu, Gervas. Alikuwa karani kwa wakala mmoja wa forodha kule Kurasini, wiki nzima anahangaika na karatasi za makontena. Jumapili baada ya misa alikuwa anawasha pikipiki na kwenda kutafuta samaki kwenye madimbwi. Mtu mzima, na kichandarua na ndoo yenye mfuniko! Watu walimcheka. Mimi nilimcheka kuliko wote.

Samaki wake si wa kula. Mkubwa wao ni kama kidole. Dume ni mwekundu mwenye vidoa vya bluu, jike ana rangi ya vumbi tu. Wanaishi kwenye madimbwi ya mvua, na dimbwi likikauka wanakufa wote. Mayai ndiyo yanayobaki, yamelala kwenye tope lililopasuka kwa jua, miezi na miezi, mpaka mvua irudi. Nilidhani ananipiga fiksi. Ndipo siku moja akamwagia maji makumbi ya nazi yaliyokuwa na mayai yao, na kesho yake asubuhi akaniita nione. Mle ndani vilikuwa vinaogelea vitu kama vipande vya uzi, vina macho.

Wale wa mwisho walitoka dimbwi moja la Msongola. Mwaka jana dimbwi hilo lilijazwa kifusi, na sasa kuna ukuta na geti. Gervas alizunguka madimbwi yote ya jirani, hakuwapata wa rangi ile tena. Wa kwenye tangi lake la kioo wakazeeka wakafa, maana hata ukiwatunza vipi hawamalizi mwaka. Akabaki na mayai tu, kwenye makumbi yenye unyevunyevu, ndani ya mfuko juu ya kabati.

Wiki moja kabla ya kulazwa aliyamwagia maji kwenye beseni la bluu, nyuma ya jiko. Wakaanguliwa.

Hospitalini aliniomba kitu kimoja tu. "Sista, niangalizie beseni. Usibadili maji hata ukiyaona machafu." Nikamwambia asijali.

Alifariki siku iliyofuata, alfajiri.

Kabla ya saa nne uwanja ulikuwa umejaa. Wanawake wa mtaani walikuja kama wanavyokuja siku zote kwenye msiba, wakashika nyumba nzima bila kuombwa: sufuria, ndoo, kuni, mifagio. Nisingeweza kusimama bila wao. Nilikuwa chumbani natafuta picha yake ya kuweka mbele ya jeneza, Mama Shukuru wa nyumba ya pili akachungulia mlangoni.

"Mwanangu, kuna beseni huku nyuma limejaa viluwiluwi vya mbu. Watu watalala nje hapa, wataumwa. Na sie tunataka chombo cha kuoshea mchele. Tumwage?"

Nilisikia. Siwezi kujidanganya kwamba sikusikia. Neno beseni lilinigusa mahali fulani, nikalisukuma, kwa sababu nilikuwa nimeshika picha na sikutaka kusumbuliwa.

"Mwageni tu."

Nililia siku zote tatu, na watu wakanibembeleza wakidhani wanajua ninacholilia.

Leo nimepata ujasiri wa kufungua daftari lake la samaki. Mwandiko wake mbaya uleule. Ukurasa wa katikati ameandika, na kupigia mstari mara mbili, kwamba mayai hayaanguliwi yote kwa mvua ya kwanza. Mengine hubaki yamelala, yakisubiri mvua nyingine. Makumbi yasitupwe. Yakamuliwe, yarudishwe mfukoni, yasubiri tena.

Nimeinuka bila hata kuvaa viatu sawasawa. Nyuma ya jiko hakuna kitu, pamefagiwa. Nimekwenda moja kwa moja kwa Mama Shukuru, nimemkuta anachambua mboga.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Umekula lakini? Umekonda."

Nimemuuliza kuhusu makumbi ya kwenye lile beseni, yalitupwa wapi.

"Yale? Hatukuyatupa, mtu anatupa makumbi? Niliyakamua mie mwenyewe, nikayaanika juu ya ukuta. Ndiyo niliyowashia moto siku ya kuanua matanga. Yalishika mara moja. Kwani vipi?"

"Hamna kitu, mama. Asante kwa yote."

Akanishika mkono akaniambia Gervas alikuwa mtoto mzuri, na mimi nimemtendea haki kaka yangu mpaka mwisho. Nikaitikia kwa kichwa. Sitamwambia kamwe. Kosa si lake, na akijua hatakwenda tena kwenye msiba wa mtu kwa moyo ule.

Nimerudi nimekaa hapa jikoni. Nakumbuka asubuhi ile ya kuanua matanga. Mama Shukuru aliniletea chai ya tangawizi kutoka kwenye moto wake, ya kwanza kupita kooni tangu kaka afariki.

Nilikunywa vikombe viwili. Nikamshukuru, nikamwambia ni tamu.