Viazi vya Swedi Vilivyooteshwa Kizuka

Usumbura, tarehe 9 Mfungo Tano, 1330 Hijria

Kwa dada yangu Chausiku binti Alimasi, aliye Rumonge,

Salamu nyingi, na baada ya salamu nakuuliza hali. Mgongo wako umepoa? Baba je, kikohozi kimemwacha? Mimi ni mzima, ila jiko la huku bomani linanikausha kama ndagala walioanikwa mchangani.

Dada, anayekuletea barua hii ni Radjabu, yule mwenye mtumbwi wa mawese. Amebeba pia kikapu. Humo ndani mna viazi ulaya, vile wanavyolima mapadri kule milimani. Usivipike! Vyote ni mbegu. Vile vikubwa vikate, kila kipande kibaki na jicho, kisha uvifukie jicho likitazama juu.

Sababu yake unaijua. Mwaka wa pili huu tangu Baba aape kwa jina la Mungu kwamba hatatia mdomoni chakula kilichotoka mkononi mwangu, kwa kuwa nawapikia Wazungu nguruwe. Nimempikia Bwana wangu nguruwe, sikatai. Lakini sijaonja hata siku moja. Bwana huonja mwenyewe, akitaka chumvi anasema. Sasa mwezi uliopita mafuta ya nguruwe yalikwisha, na Bwana alitaka viazi vyake vya kuoka. Nikachukua mawese ya kwetu na kitunguu saumu. Alikula, akaomba tena, na tangu siku hiyo hataki kwa mafuta mengine.

Ndicho chakula ninachotaka kumpikia Baba siku ya Idi. Viazi viote kwenye udongo wetu, mafuta yatoke shambani kwetu Kizuka, na jiko liwe lako. Akikataa hicho nacho, basi nitajua kwamba anayemkataa ni mimi.

Ndugu yako mdogo,
Swedi

—

Rumonge, tarehe 2 Mfungo Sita, 1330

Kwa mdogo wangu Swedi, mpishi wa wakubwa,

Amahoro, amani kwako. Sisi tu wazima. Mgongo haujambo, nao hauna hiari, maana wewe umenipa shamba la kulima bila kuniuliza. Kikohozi cha Baba huja asubuhi tu, wakati wa kutaka chai.

Viazi vyako nimevifukia Kizuka, katikati ya michikichi, pale marehemu mama alipokuwa akilima maharage. Jirani yangu Batuli alikuja kutazama akacheka mpaka akakaa chini. "Viazi gani vinapandwa vyenyewe? Viazi inapandwa majani yake!" Nikamwambia ni vya Kizungu, vina mambo yao.

Baba hajasema kitu. Lakini kila alasiri anashika fimbo, anasema anakwenda kukagua michikichi. Michikichi hiyo ina miaka kumi na mitano na hajawahi kuikagua. Jana nilimkuta ameinama, anachungua tuta. Aliponiona akaanza kumtukana fuko, ati ndiye anamharibia shamba. Nilifurahi, Swedi, sikufichi.

Sasa niambie vinapikwaje, nijue mapema. Na hicho kitunguu saumu, Baba hatasema kinamzuia kwenda msikitini?

Dada yako,
Chausiku

—

Usumbura, tarehe 20 Mfungo Sita, 1330

Dada yangu mpenzi,

Barua yako nimeisoma mara nne, na ile habari ya fuko nimeisoma zaidi. Mungu akuzidishie afya, na Baba pia. Mimi sijambo, ila nimeungua kidole gumba.

Sikiliza basi. Viazi vioshe, vikate vipande vya kutosha mdomo mmoja. Vitie kwenye maji ya moto yenye chumvi ya Uvinza, vichemke kidogo tu, kisu kiingie pembeni na katikati kigome. Mwaga maji. Funika sufuria, itikise kwa nguvu mpaka vipande vikwaruzane na kuwa na ungaunga juu. Hapo ndipo ukavu wake wa juu unapopatikana.

Mawese yapashe moto peke yake mpaka wekundu upungue na ile harufu mbichi iondoke. Ukiwa na haraka hapa, viazi vitanuka mafuta. Kisha tia viazi, vitandaze, kimoja kisipande juu ya mwenzake. Funika, palia makaa kama unavyopalia mkate: juu mengi, chini kidogo.

Kitunguu saumu usikitie mwanzoni! Mimi nilikitia mwanzoni mara ya kwanza, kikaungua, viazi vikawa vichungu kama dawa, na Bwana akanipigia kelele kwa Kijerumani, nami namshukuru Mungu kwamba sikuelewa. Geuza viazi kwanza, ndipo utie punje na maganda yake. Zikilainika ndani ya ganda, ukali wote unakwisha. Baba atakwenda msikitini na hakuna atakayesogea mbali naye.

Nimekwisha omba ruhusa ya Idi. Niandikie vikichomoza.

Ndugu yako,
Swedi

—

Usumbura, tarehe 15 Mfungo Nane, 1330

Dada Chausiku,

Salamu. Sijui niulize hali ya nani kwanza. Karibu miezi miwili imepita na sijapata hata mstari mmoja. Radjabu ameshusha mawese hapa mara tatu, na kila nikimuuliza barua yangu iko wapi anafunga na kufungua kamba ileile ya mtumbwi.

Jana nilimbana. Akasema, "Muzee alikuwa mugonjwa, lakini sasa iko muzima." Ugonjwa gani? Hakusema. Alinitazama kama mtu aliyesikia neno baya juu yangu.

Dada, kama kuna jambo, liandike. Hapa nashindwa hata kupika. Jana nilimpelekea Bwana mchuzi usio na chumvi.

Mdogo wako anayengoja,
Swedi

—

Rumonge, tarehe 28 Mfungo Nane, 1330

Swedi, mdogo wangu,

Amani iwe nawe. Baba ni mzima, anakula, anatembea. Nimeanza na hilo ili roho yako itulie, maana yanayofuata ni mabaya, na mabaya hayo ni yangu.

Viazi vyako viliota vizuri mno. Majani yalikuwa mabichi, manene, yanang'aa. Nikayatazama, nikaona matembele. Wewe nawe waijua nyumba yetu: hakuna mboga Baba anayoipenda kama matembele. Nikachuma kikapu kizima, nikayapika kwa mawese na ndagala. Nilimwambia, "Haya majani ya viazi vya Swedi." Nilidhani ataweka mkono chini asile. Akasema, "Majani inaoteshwa na Mungu, si na Swedi. Lete." Akala sahani mbili. Swedi, alikula anatabasamu!

Kabla ya magharibi akaanza kutapika. Siku mbili tumbo halikushika hata maji. Mimi nilionja kidogo nikaumwa kichwa tu. Nilikaa chini, kando ya kitanda chake, namwomba Mungu asinichukulie baba kwa mkono wangu mwenyewe.

Siku ya tatu alifumbua macho akaniuliza: "Swedi ndiye alikuambia upike ile majani?"

Nami nikanyamaza.

Sikusema ndiyo. Lakini sikusema hapana, na Baba akauchukua ukimya wangu kuwa jibu. Tangu siku hiyo anawaambia watu kwamba mwanawe amejifunza kwa Wazungu kuua wazazi. Niliogopa. Mimi ndiye ninayempikia, nikadhani akijua hatakula tena kutoka kwangu, naye atabaki na nani? Ndiyo maana sikuandika. Kalamu niliishika mara nyingi, nikaiweka.

Viazi vingine bado viko ardhini. Ukiniambia nivitupe ziwani nitavitupa.

Dada yako mwenye aibu,
Chausiku

—

Usumbura, tarehe 7 Mfungo Tisa, 1330

Dada,

Salamu kwako na kwa Baba.

Nimekasirika. Siku ile niliposoma barua yako nilitaka nipande mtumbwi nije niseme mbele ya watu wote wa Rumonge. Miaka miwili nabeba lawama ya nguruwe ambaye sijamla, na sasa umenibebesha na sumu ambayo sikuitia.

Halafu nikakumbuka kwamba mimi nawe sote tumelelewa kwa matembele, na mimi niliyekaa na Wazungu na kuona majani yale yakitupwa, sikukuandikia hata neno moja kwamba hayaliwi. Nilikueleza makaa, nikakueleza kitunguu, majani nikayasahau. Sehemu yangu ipo.

Sitamwandikia Baba. Akisikia kutoka kwangu atasema namsingizia dada yangu. Neno hili ni lako, Chausiku. Ulinyamaza mwenyewe, sema mwenyewe. Ukishindwa sitakuacha kuwa dada yangu, lakini nyumbani sitakuja, kwa sababu siwezi kukaa kwenye mkeka mmoja na mtu anayeamini kwamba nilitaka kumuua.

Viazi usivitupe. Majani yakishakauka, chimba. Kilicho chini ni salama, ila chenye rangi ya kijani kiache.

Ndugu yako,
Swedi

—

Rumonge, tarehe 11 Rajabu, 1330

Kwa Swedi bin Alimasi, mtoto wa nyumba hii,

Amahoro, mdogo wangu, amahoro mara kumi. Sisi ni wazima kabisa. Shika barua kwa mikono miwili.

Nilishindwa kusema kwa mdomo. Siku nne nilifungua mdomo nikaishia kumuuliza Baba kama anataka maji. Ya tano nikachukua barua zako zote, nikakaa mbele yake baada ya alasiri, nikamsomea moja baada ya moja. Ya kikapu. Ya makaa na kitunguu. Ya mchuzi usio na chumvi. Nilipofika ile ya mwisho nililia, lakini nilisoma mpaka jina lako.

Baba akaniambia nirudie ile ya kwanza, mahali unaposema kwamba hujaonja. Nikarudia. Akauliza, "Na mahali anaandika namna ya kupika, hakuna neno ya majani?" Nikamjibu hakuna, majani ni mimi. Akainuka akaenda zake. Wiki nzima hakunisemesha. Chakula changu alikula, lakini alikula akitazama ukuta, na nilistahili.

Jumanne akaniita. Akasema kiapo chake kilikuwa kibaya na anataka kukivunja, na kiapo cha Mungu hakivunjwi bure. Lazima alishe masikini kumi. Nikamuuliza, "Nipike bugali na ndagala?"

Akasema, "Chimba ile viazi ya Swedi. Pika namna ameandika."

Nikaogopa. Nikamwambia, "Baba, wewe mwenyewe ulitufundisha, chakula cha kafara kiwe kile mtu anacholisha watoto wake nyumbani. Hiki ni chakula cha Wazungu."

"Mutoto yangu ndiye anapika," akasema. "Iko chakula ya nyumba yangu."

Vilikuwa vidogo, kwa kuwa majani niliyachuma, lakini vilitosha. Nilifuata barua yako neno kwa neno. Walikuja watu kumi, wakala mpaka wakalamba maganda ya kitunguu, na mzee mmoja aliyetoka Kigwena akauliza mpishi ni nani. Baba akasimama, akataja jina lako mbele yao, Swedi, na la babu yetu.

Yeye hakugusa hata kipande. Anasema cha kwanza lazima kitoke mkononi mwako. Nimemwekea kikapu kimoja cha viazi vyako uvunguni mwa kitanda. Idi ni mbali, naye hataki kungoja. Radjabu anakuja huko Ijumaa na mawese, na Baba amemwambia akirudi bila wewe asipite mbele ya mlango wetu.

Dada yako,
Chausiku