Haruko Mizuno wa Giakanja: Kitabu Chako Kimetoka

Mwaka umetimia, Haruko, tangu tukulaze hapa Giakanja, na leo tumekuja na habari njema: kitabu chako kimetoka. Kimetoka vile ulivyokiandika, hadi neno la mwisho.

Ulifika kwetu ukiwa bibi harusi wa Ngatia, ukavaa gambuti za mpira, ukajua kukama ng'ombe kabla hujajua kusalimia vizuri. Ulitia sosi ya soya kwenye mukimo wetu wa viazi na mahindi mbele ya wageni, bila haya. Chai yako ya kijani tulikuwa tukiinywa kwa adabu tu. Sasa tunaitamani.

Kwenu Japani ulikuwa mwandishi wa riwaya mwenye jina. Hapa ulikuwa mkazamwana wa Mama Murugi, na kila sura ulimsimulia yeye kwanza, mkichuma kahawa. Akiuliza, "Halafu?" sura ilipona. Akinyamaza na kuhamia mti mwingine, uliichana jioni hiyo hiyo ukaanza upya. Ngatia alikuonea huruma, lakini wewe ulisema hujapata mhariri wa kumfikia Mama.

Riwaya yako ya mwisho ilikuwa ya mwanamke wa Kijapani aliyefiwa na mume huku kwetu Tetu. Mchapishaji wako wa Tokyo alitaka mwanamke huyo arudi kwao. Alisema wasomaji hawatakubali mwisho mwingine. Ulipousimulia mwisho huo shambani, Mama Murugi aliweka kikapu chini.

"Arudi kufanya nini? Huyo mama ako na ng'ombe mbili, ako na shamba, ako na watu. Ati apande ndege tu hivyo? Mwache hapa!"

Ukamwacha. Mchapishaji akakikataa kitabu. Ulikuwa tayari mgonjwa, ukijua hutaandika kingine, na kama ungebadilisha kurasa chache tu, ungekiona kikitoka. Tulikusihi sana, Haruko. Ukasema, "Huko ni kumdanganya Mama." Tulikuzika kikiwa bado ndani ya droo, na hilo lilituuma kuliko tulivyosema.

Sasa sikia. Tulikitoa kwenye droo tukakituma tena Japani, na mhariri mmoja wa Osaka alikisoma akalia, akakichapa bila kugusa kitu. Kiliisha madukani, kikachapwa tena. Mwanao Kihara, uliyemfundisha lugha yako kwa ukali, amekitafsiri kwa Kiswahili. Jumamosi alisoma sura ya mwisho katika ukumbi wa kanisa, watu wamejaa hadi mlangoni. Mwanamke yule alipofungua sanduku lake na kurudisha nguo kabatini, akina mama walipiga vigelegele hadi Kihara akashindwa kuendelea.

Mama Murugi akasimama, fimbo juu.

"Mnaona? Hajaenda mahali! Huyu ni wetu!"

Alikuwa akikutaja wewe, Haruko, na ukumbi mzima ulijua.

Wanaokukumbuka kwa fahari ni mumeo Ngatia, mwanao Kihara na mkewe Gacheri, Mama Murugi, na dada yako Tomoko kule Kobe. Hatutakusahau, siku zote za maisha yetu.