Mwandishi Aliyengoja Mambo Yatokee

Hounslow, London
6 Novemba 2024

Mpendwa Shangazi Marcelina,

Shikamoo. Goti limepoa? Jumapili nilikusikia ukikohoa kwenye simu, tafadhali kunywa tangawizi. Sisi ni wazima, tunamshukuru Mungu.

Shangazi, ndoa ni tamu. Geofrey akirudi kutoka kazini uwanja wa ndege, kabla hata hajavua koti hunishika mikono aone kama nina baridi. Chumba chetu ni kidogo, tukikunjua kitanda mlango haufunguki, lakini sitamani kuwa pengine popote.

Uliuliza anasoma nini siku zote. Ni vitabu vya Mjapani mmoja, marehemu Hayase Tokuji. Alirudi kutoka vitani akakuta mji wao umeteketea, akajenga kibanda cha mabati, akaoa, akaanza kuandika. Sharti lake lilikuwa moja: haandiki jambo ambalo halijatokea nyumbani mwake. Mke akicheka, anaandika kicheko. Maisha yalipotulia akakosa la kuandika, ndipo akaanza kuichokoza nyumba yake mwenyewe. Leo anauza magodoro, kesho anamleta mwanamke mwingine. Riwaya iliyompa sifa inaishia ufukweni wakati wa baridi: mke anaingia majini, mume amesimama anatazama. Na ndivyo ilivyotokea kweli kwa mkewe.

Geofrey naye anaandika riwaya, kwa Kiswahili, kwa sharti hilohilo. Bibi harusi ni mimi. Hunisomea tukishakula. Mara ya kwanza nililia kwa furaha, maana ameandika hata vidole vyangu vilivyotetemeka akinivisha pete. Hakuna aliyewahi kunitazama hivyo.

Lakini sasa ameishiwa. Ananitazama nikimenya ndizi, kalamu mkononi. Juzi alinifichia simu, nikahangaika chumba kizima, kisha akanisomea nilivyohangaika. Ilikuwa imeandikwa vizuri sana. Jirani yetu Bharti, mama wa Kihindi aliyezaliwa Kisumu, alinitania: "Bwana yangu mimi haniangalii hata nikianguka. Wako anangoja uanguke." Nilicheka, halafu nikashindwa kuendelea.

Jana nilimuuliza Geofrey bibi harusi wa riwaya yake anaishia wapi. Akanibusu kwenye paji la uso.

"Bado sijui, mpenzi. Acha kwanza itokee."

Jumamosi anataka twende baharini, sisi wawili tu, na baridi hii. Tiketi ameshakata.

Nampenda, Shangazi, na sitaki kumwacha. Ila kwenda naogopa, na kumkatalia sijui. Nitaipiga picha barua hii nikutumie leo. Mpigie kabla ya Jumamosi umkataze wewe. Wewe ni mkwewe, hawezi kukubishia. Mimi siwezi kukueleza haya kwa simu, chumba ni kimoja, atasikia.

Hata sasa ameketi mbele yangu. Ameuliza nakuandikia nini, nikasema habari za ndoa. Ameona machozi yangu. Hajanyanyuka kunifuta. Amevuta karatasi, naye anaandika.

Nisalimie Peris na watoto, na Babu Eliakimu. Mungu akulinde, nasi atulinde huku.

Ni mimi mwanao, nikupendaye sana,
Haika